Sinema ya Issuna, Sehemu ya Saba: Stumai Amnyoshea Jumbe Kidole

Kidole kilikuwa hakijashuka.

Ndiyo, msomaji, pale pale nafasi ya gazeti ilipotukatiza Jumamosi iliyopita. Uwanja wa baraza la Issuna, mwaka 1953. Jua la asubuhi limeanza kuchoma, watu wamejaa mpaka juu ya miamba, kamera inanguruma. Na binti Stumai, ambaye hadithi ya sinema ilimtaka apige magoti na kulia, amesimama wima na kumnyoshea kidole Jumbe Urbano.

"Wewe ndiye uliyemuua baba yangu!"

Mathayo Mughwai, mwongozaji wa picha, alifungua kinywa aseme "kata". Neno halikutoka.

Jumbe Urbano naye alikuwa mwigizaji siku hiyo. Alikuwa jumbe kweli, na ndani ya sinema aliigiza jumbe, amekalia kiti chake mwenyewe, amevaa kofia yake mwenyewe. Kazi yake ilikuwa ndogo: amsikilize mjane aliyenyang'anywa shamba, ambaye ndiye Stumai, kisha ampe haki yake.

Upepo ulipita, ukainua vumbi, ukaliacha.

Halafu Jumbe akacheka.

Alicheka kwa sauti, akajipiga paja, akainuka kitini na kuanza kupiga makofi. "Mmemwona? Mmemwona binti wa Ntandu? Hata mimi nimeogopa! Hii ndiyo sinema, jamani!"

Ilikuwa kama mtu amefungua lango la zizi. Watu wote wakacheka. Wanawake wakapiga vigelegele. Bibi mmoja alijifuta machozi kwa ncha ya kaniki yake, akamwambia mwenzake, "Huyu mtoto anajua!"

"Sichezi!" Stumai alipiga kelele. "Sikilizeni! Sichezi mimi!"

Wakazidi kucheka.

Aliyarudia maneno yake, kwa Kinyaturu sasa, akimtaja baba yake kwa jina na jina la babu. Wakampigia makofi. Kadiri alivyolia ndivyo walivyomsifu. Stumai akaona kwamba hapo, mbele ya mashine ile, hakuna neno la kweli ambalo angeweza kulisema likaaminiwa. Mkono ukamshuka wenyewe.

"Kata," Mathayo alisema hatimaye.

Mpiga picha wake, Leonidas, kijana wa Bukoba mwenye maneno machache, alizima kamera. Akamwinamia Mathayo sikioni. "Yote yamo. Kidole, na uso wa mzee kabla hajacheka. Uso ule, Mathayo, mimi nimeuona kwenye kioo. Haukuwa wa mchezo."

* * *

Mathayo alimfuata Stumai nyuma ya lori. Alimkuta ameegemea gurudumu, macho makavu.

"Kwa nini hukuniambia?"

"Ningekuambia nini? Jumbe ni mjomba wako. Amekulea."

Hapo hakukosea. Baba yake Mathayo alipofariki, Urbano ndiye aliyemchukua dada yake Theresia na mwanawe, akawajengea nyumba ya tembe karibu na barabara ya Ikungi, akampeleka mtoto shule ya misheni. Kutoka misheni Mathayo alikwenda vitani Burma, na huko, kwenye shuka jeupe lililofungwa kati ya miti miwili, aliona sinema kwa mara ya kwanza. Aliporudi hakutaka kazi nyingine. Miaka mingi alizunguka nchi na lori la kampuni ya Bwana Wetherby wa Dar es Salaam, ameshika kipaza sauti, akiwaeleza watu kwa Kiswahili picha walizotengeneza wengine. Hii ya Issuna ndiyo ya kwanza kupewa aongoze yeye. Ikiharibika, atarudishiwa kipaza sauti chake.

"Niambie sasa," alisema.

Stumai alisema bila kumtazama.

"Ulikuwa mwaka wa simba. Unaukumbuka?"

Nani wa Singida asiyeukumbuka? Watu waliuawa mashambani ikasemwa ni simba. Baadaye ikasemwa si simba, ni watu waliojifunika ngozi. Wengi walikamatwa. Katika waliotajwa walikuwemo wenye makosa, na walikuwemo wengine ambao kosa lao lilikuwa kuchukiwa na jirani.

"Nilikuwa juu ya dungu, nafukuza ndege," Stumai aliendelea. "Baba alikuwa chini, ndani ya mtama. Nikamsikia anacheka kidogo, kama mtu aliyekutana na rafiki. Akasema, 'Urbano, mbona umejifunika hivyo?' Basi. Hakusema neno jingine tena. Nililala kifudifudi juu ya miti ya dungu mpaka mama akaja kunitafuta."

"Ulimwona?"

"Niliona mgongo wa ngozi unaondoka ndani ya mtama. Unatembea kwa miguu miwili."

"Mama yako alijua?"

"Nilimwambia. Akaniziba mdomo kwa mkono. Nani aliyekuwa akipeleka majina ya washukiwa bomani mwaka ule? Ni Jumbe. Ungemtaja yeye, kesho jina lako lingekwenda. Mwaka uliofuata shamba la baba likawa lake. Lile la bondeni. Unalijua, umelipiga picha wiki iliyopita."

Mathayo alilijua. Alikuwa amelisifu kwa uzuri wake.

"Ulipokuja na mashine yako ukitafuta msichana," Stumai alisema, "nilifikiri, mbele ya mashine ya Mzungu hatathubutu kunipiga. Na watu watasikia. Sikujua kwamba watacheka."

* * *

Alasiri hiyo hiyo Jumbe alimwita mpwa wake nyumbani. Alikuwa ameketi kivulini mwa ukuta wa tembe lake, mbele yake kibuyu cha maziwa ya mgando.

"Shikamoo, mjomba."

"Marahaba. Kaa, unywe."

Mathayo alikaa. Hakunywa.

"Ule mkanda wa leo uko wapi?"

"Uko ndani ya kopo, mjomba. Utapelekwa Ulaya kusafishwa, pamoja na mingine."

"Usiupeleke. Uchome."

"Mjomba, picha zetu hazina sauti. Hakuna atakayesikia alichosema. Wataona msichana amenyosha kidole, basi."

"Kama hakuna atakayesikia, wewe unautunzia nini?"

Mathayo alikisogeza kibuyu pembeni.

"Alipokufa baba yako nani alikulisha?"

"Ni wewe, mjomba."

"Nani alimsitiri mama yako, asiombe kwa watu?"

"Ni wewe."

"Leo mtoto wa Ntandu anaropoka mbele ya watu wangu, na wewe unaniwekea akiba ndani ya kopo."

Mathayo alitazama mikono yake. Kisha akauliza lile ambalo alikuwa amejikataza kuliuliza.

"Mjomba, ni kweli?"

Msomaji, mtu asiyejua kitu akiulizwa swali kama hilo atasema si kweli. Au atakasirika, atasimama, atachukua fimbo. Jumbe Urbano hakufanya lolote kati ya hayo. Alimtazama mpwa wake, akauliza polepole:

"Amekuambia nini?"

Mathayo alianza kuinuka.

"Hajaniambia kitu," alidanganya.

"Vizuri. Uchome mkanda. Usipouchoma, kesho hutapata mtu wa kumpiga picha hapa Issuna. Hata kuku sitakupa. Halafu tuone utamwonyesha nini Mzungu wako akija."

* * *

Na kweli. Kesho yake uwanja wa baraza ulikuwa mtupu. Hakuna mwigizaji, hakuna ng'ombe, hakuna mtazamaji. Waliopita na majembe waligeuza nyuso upande wa pili.

"Na leo ndiyo siku ya kufika Bwana Wetherby," Leonidas alisema, akifuta vumbi kwenye kioo cha kamera isiyo na kazi.

Hakumaliza. Gari la Bwana Wetherby lilitokea barabara ya Ikungi, likasimama mbele yao. Bwana Wetherby alishuka, mnene, shingo imeungua jua, anatabasamu. Na kutoka kiti cha pili cha mbele akashuka nani?

Jumbe Urbano.

Alikuwa amekwenda kumngoja njiani.

"Mathayo!" Bwana Wetherby alinguruma kwa Kiswahili chake cha mashambani. "Jumbe eleza mimi maneno yote! Ile picha ya mjane, ya shamba, hapana zuri. Watu nalala! Mimi taka simba!"

"Simba, bwana?"

Akahamia Kiingereza, maneno yakamtoka kama maji. Sinema ya watu-simba wa Singida! Kumbi zitajaa kuanzia Nairobi hadi London. Watu waliovaa ngozi, mtama mrefu, msichana anakimbia, wanamkamata. Jumbe ameahidi kila kitu. Ngozi anazo. Watu anao, tena wanajua jinsi ya kutembea kama simba.

Mathayo alimgeukia mjomba wake. "Wanajua kwa vipi, mjomba?"

Jumbe alitazama mlimani kana kwamba hakusikia.

"Na msichana ni nani?"

Hilo alilisikia. Akajibu kwa upole kabisa. "Si yule yule Stumai? Ni mwigizaji mzuri. Watu wote wamemwona."

Leonidas aliacha kufuta kioo.

"Kesho!" Bwana Wetherby alimpiga Mathayo begani. "Kesho simba! Na jina yako nakuja kwanza kwa picha, Mathayo Mughwai, kubwa namna hii! Halafu mimi peleka wewe London, shule ya picha. Wewe nasema nini?"

Jina lake, la kwanza, juu ya kitambaa cheupe, mbele ya macho ya dunia. Si hilo alilolitaka tangu Burma? Miaka yote ile na kipaza sauti alikuwa akiona watu weusi ndani ya picha za watu wengine: ama wanakimbia, ama wanacheza ngoma, ama wanafundishwa kunawa. Alijiapia kwamba akipewa kamera siku moja, mtu wa Issuna atatokea kwenye kitambaa kama mtu, ana jina, ana shamba, ana madai yake. Ndiyo maana aliitunga hadithi ya mjane. Sasa anaambiwa amvalishe mtu huyo ngozi ya mnyama, amwache amkimbize Stumai ndani ya mtama, na kamera ikizimwa nani ajuaye ngozi zile zitasimama wapi.

Kukataa hapo hapo kungemwacha Stumai mikononi mwa Jumbe, na yeye mwenyewe kutimuliwa kabla jua halijatua.

"Sawa, bwana," Mathayo alisema. "Kesho."

Leonidas alimkazia macho kama anayemwona kwa mara ya kwanza.

"Na ule mkanda wa jana?" Jumbe aliuliza.

"Ngoja, mjomba."

Mathayo aliingia ndani ya lori. Alitoka na kopo la bati mkononi. Mbele yao wote, juani, akalifungua kifuniko, akashika ncha ya mkanda na kuuvuta. Akauvuta wote, mkunjo kwa mkunjo, ukamwagika mavumbini kama utumbo wa mbuzi.

"Wewe wazimu?" Bwana Wetherby alishtuka.

"Jumbe hakuupenda, bwana. Ulikuwa mbaya."

Jumbe aliinama, akaokota kipande, akakitazama kwenye jua. Hakuona kitu. "Umekufa?"

"Mwanga ukiuingia ndiyo mwisho wake, mjomba."

Urbano alimwekea mpwa wake mkono kichwani, kama alivyokuwa akifanya alipokuwa mtoto. "Damu haipotei," alisema. Mathayo aliinamisha kichwa akauvumilia mkono ule mpaka ukaondoka.

Kisha akamwambia Bwana Wetherby kwamba picha ya simba inahitaji kitambaa chekundu na kamba, na kwamba inabidi aende dukani na msichana mwenyewe apimwe nguo. Bwana Wetherby alikwisha kuketi ndani ya hema la wapiga picha, anawasha kiko. Akapunga mkono. Nenda, nenda.

* * *

Lori liliondoka Issuna likiwa na watu watatu mbele: Mathayo kwenye usukani, Leonidas katikati, Stumai mlangoni. Nyumba ya mwisho ilipotea nyuma ya miamba.

"Mathayo," Leonidas alianza, "makopo yale nayapanga mimi. Ulilofungua lilikuwa jipya. Mkanda wake haujawahi kuonja kamera."

"Najua."

"Basi la jana liko wapi?"

"Umelikalia."

Leonidas aliinuka kama aliyechomwa na mwiba, akagonga kichwa kwenye paa. Stumai alicheka. Kilikuwa kicheko kifupi, kikakatika njiani. Akageuka.

"Ikungi kuna maduka mawili ya Wahindi," alisema. "Tutanunua kitambaa cha sanda yangu?"

"Hatusimami Ikungi. Tunakwenda Singida, bomani. Utamwambia DC ulichoniambia mimi."

Stumai alishika ukingo wa dirisha. "Na wewe?"

"Nitasema nilichokiona. Ulivyosema, alivyocheka. Alivyoniuliza umeniambia nini."

"Ni kidogo."

"Ni kidogo, kweli."

"Nilikuwa mtoto. Watasema niliota. Watasema nataka shamba."

"Watasema hivyo."

"Na wakimwita yeye, atakuja na wazee, wataapa alikuwa kwake siku ile, anakunywa pombe."

Mathayo hakubisha. Yeye mwenyewe alikuwa ameona mwaka ule watu wakichukuliwa kwa neno la mtu mmoja, na sasa aliogopa kufanya lile lile. Kama msichana alisikia vibaya? Kama kulikuwa na Urbano mwingine? Anakwenda kumtupa mikononi mwa serikali mtu aliyempa uji, na huko wananyonga watu, kwa neno alilolisikia mtoto juu ya dungu.

"Na kazi yako?" Leonidas aliuliza.

"Kazi imebaki hemani na Bwana Wetherby. Anaivuta pamoja na kiko chake."

Alitaka ichekeshe. Akabadili gia.

Lori lilipanda kilima, likashuka, na hapo, karibu na tembe lililojengwa kando ya barabara, Mathayo alikanyaga breki mpaka makopo yote ya nyuma yakagongana.

Mama mmoja alikuwa amesimama katikati ya njia, mikono ameitanua.

Alikuwa Theresia. Mama yake mzazi. Dada yake Jumbe Urbano.

Mathayo aliruka chini. "Shikamoo, mama! Ungekufa!"

Theresia hakuitikia marahaba. Tangu azaliwe Mathayo hajawahi kumwamkia mama yake akanyimwa marahaba.

"Habari ya jana imefika hapa," alisema. "Wamenihadithia wakicheka. Mimi sikucheka." Akainua macho akatazama dirisha la lori. "Yule ni mtoto wa Ntandu?"

"Ndiye, mama."

"Mnakwenda bomani."

"Mama, usinizuie."

"Nani amekuzuia? Nipe nafasi nami nipande."

Mathayo alidhani hakusikia vizuri. "Mama, ni kaka yako."

"Najua ni kaka yangu, tumenyonya ziwa moja." Akasogea karibu na mwanawe. "Siku aliyokufa Ntandu, Urbano aliniletea shuka nimfulie. Lilikuwa na damu. Akaniambia amechinja mbuzi. Nikafua. Jioni nikasikia kilio, Ntandu ameliwa na simba. Nikakaa nikingoja nyama ya yule mbuzi, Mathayo. Nilingoja ije japo mguu, japo utumbo, roho yangu itulie. Siku ile tulikula mlenda. Na kesho yake tulikula mlenda. Mbuzi hakuwapo."

Huyo alikuwa shahidi. Si ndoto ya mtoto, si uso ndani ya kopo. Mtu mzima, dada wa damu, aliyeshika shuka lenyewe kwa mikono yake. Hofu aliyokuwa nayo Mathayo tangu Issuna ilimtoka, na mahali pake likaingia jambo zito zaidi: sasa alijua.

"Mathayo!" Leonidas aliita kutoka garini. "Tazama nyuma!"

Kwenye kilima walichotoka kushuka, vumbi lilikuwa limesimama. Gari la Bwana Wetherby. Lilikuwa linakuja kwa kasi, na ndani ya vumbi honi ililia mara moja, ndefu.

"Panda, mama! Haraka!"

Mathayo alimshika mama yake mkono, akamkimbiza hadi mlangoni. Mlango ukafunguka kabla hajaugusa. Stumai alikuwa ameufungua mwenyewe. Alikuwa amesikia kila neno, na uso wake ulikuwa mkali kuliko ulivyokuwa jana mbele ya Jumbe.

"Ulijua," alimwambia Theresia. "Ulikuwa ukija kwetu matangani. Ulimshika mama yangu mkono, ukalia naye. Na ulijua."

"Nilijua, mwanangu."

"Usiniite mwanangu."

"Stumai," Mathayo alisihi, "bila yeye hatuna kesi! Wanafika!"

Stumai aliteremka mavumbini, akamwachia mama yule nafasi yake mlangoni, akaifunga khanga yake vizuri kiunoni. "Mpelekeni yeye bomani, hawa nitawazuia mimi," alisema. Halafu akaanza kutembea peke yake, kurudi nyuma, kuelekea lile gari lililokuwa linakuja.